Shibe na Lishe: Mlo wa Rungwe na Maradhi Yanayohusiana Nao

Msafiri anayetoka Uyole kuelekea Kyela hupita Isongole penye mashamba ya viazi mviringo, hushuka Kiwira, kisha huingia Tukuyu akiwa amezungukwa na migomba, chai na miparachichi. Mvua ya eneo hili huzidi milimita 2,000 kwa mwaka, na udongo wake wa volkano chini ya Mlima Rungwe hauchoki upesi. Ndizi hupatikana karibu mwaka mzima. Maharage, mahindi, magimbi na maziwa ya ng'ombe si vitu vya kutafutwa mbali. Ni nadra mtu wa Rungwe kulala njaa kwa kukosa cha kuweka chunguni.

Hata hivyo, katika kliniki za mama na mtoto za nyanda hizi wahudumu hukutana na watoto wafupi kuliko umri wao, wajawazito wenye upungufu wa damu, na watu wazima wanaogundua kwa bahati tu kwamba wana shinikizo la juu la damu au kisukari. Hali hii si ya Rungwe peke yake. Utafiti wa kitaifa wa afya ya uzazi na mtoto wa mwaka 2022 ulionyesha kuwa takribani asilimia 30 ya watoto wa Tanzania walio chini ya miaka mitano wamedumaa. Mikoa iliyoongoza kwa udumavu ilikuwa Iringa, Njombe na Rukwa, ambako takribani nusu ya watoto au zaidi wamedumaa. Mikoa hiyo ni miongoni mwa ile inayolisha nchi.

Kwa hiyo swali la lishe katika Nyanda za Juu Kusini haliishii kwenye kiasi cha chakula kilichopo. Linahusu kilichomo ndani ya chakula, nani anakila, kinaliwa pamoja na nini, na kinaandaliwa vipi. Makala hii inaeleza uhusiano huo kwa kufuata matatizo yanayojitokeza zaidi: udumavu, upungufu wa damu, rovu, na maradhi ya moyo na kisukari. Mwishoni inagusa kwa ufupi maradhi yanayobebwa na chakula chenyewe.

Tumbo dogo na sahani kubwa

Mtoto huitwa aliyedumaa pale kimo chake kinapokuwa chini sana kuliko kinachotarajiwa kwa umri wake. Udumavu huanza tumboni mwa mama na hujengeka hasa katika siku 1,000 za mwanzo, yaani tangu mimba inapotungwa hadi mtoto anapotimiza miaka miwili. Baada ya hapo ni vigumu sana kurudisha kilichopotea. Jambo linalopotea si urefu pekee, kwa kuwa ubongo nao hukua kwa kasi katika kipindi hichohicho. Mtoto aliyedumaa yumo katika hatari ya kuugua mara kwa mara na kupata shida ya kujifunza darasani.

Kwa nini mtoto adumae katika nyumba yenye mikungu ya ndizi? Jibu la kwanza limo ndani ya ndizi yenyewe. Gramu 100 za ndizi iliyopikwa zina takribani gramu moja tu ya protini. Sehemu kubwa iliyobaki ni maji na wanga. Kiasi hichohicho cha maharage yaliyochemshwa kina takribani gramu 9 za protini. Ndizi ni chakula kizuri: ina nguvu, ina potasiamu na hulainisha choo. Lakini mtoto anayeshibishwa kwa ndizi, viazi au ugali mtupu hupata nguvu ya kucheza bila kupata vya kutosha vya kujengea misuli, mifupa na ubongo.

Jibu la pili ni ukubwa wa tumbo. Tumbo la mtoto mchanga na mdogo hupokea takribani mililita 30 kwa kila kilo ya uzito wake. Mtoto wa miezi tisa mwenye kilo 8 hawezi kupokea zaidi ya takribani mililita 240 kwa mlo mmoja, yaani kikombe kimoja cha kawaida. Mbali na maziwa ya mama, mtoto wa umri huo huhitaji karibu kilokalori 300 kwa siku kutoka kwenye chakula cha nyongeza. Uji mwepesi wa mahindi hutoa takribani kilokalori 25 katika kila mililita 100. Kikombe kizima hutoa 60. Ili afikishe mahitaji yake kwa uji huo pekee, mtoto angelazimika kunywa vikombe vitano kila siku, na bado protini, mafuta na madini vingekuwa pungufu. Mama huona mtoto amejaa na hataki tena, naye huamini kuwa ameshiba. Ni kweli ameshiba, lakini kwa sehemu kubwa ameshiba maji.

Mama akiongeza unga, uji hugeuka kuwa mzito na mtoto hushindwa kuumeza. Hapa maarifa ya zamani ya jamii za Nyanda za Juu yana msaada ambao mara nyingi husahaulika. Wapishi wa pombe za kienyeji wanajua kwamba ulezi uliolowekwa, ukaoteshwa na kukaushwa huwa kimea, na kwamba kimea hulegeza uji mzito. Nafaka inapoota hutengeneza vimeng'enya vinavyokata minyororo ya wanga. Wataalamu wa lishe wa Tanzania walilifanyia kazi jambo hili katika miaka ya 1980, wakaonyesha kuwa unga kidogo wa kimea ukikorogwa ndani ya uji mzito uliopoa kiasi huufanya uwe mwepesi bila kuongeza maji. Kwa njia hiyo kikombe kilekile huweza kubeba unga mara mbili au tatu zaidi. Jambo la kuzingatia ni kuurudisha uji jikoni uchemke tena kabla ya kumpa mtoto, kwa sababu kimea kinaweza kubeba vijidudu. Maarifa yaliyotumika kwa karne nyingi kutengeneza kinywaji cha wakubwa yanaweza kuukuza mwili wa mdogo.

Njia nyingine hazihitaji hata kimea. Uji uliochanganywa na maziwa badala ya maji matupu, ndizi iliyopondwa pamoja na maharage yaliyomenywa, kijiko cha karanga zilizosagwa laini, parachichi lililopondwa, au dagaa wa Ziwa Nyasa, maarufu kwa jina la usipa, waliokaushwa na kusagwa: kila kimoja huongeza kile ambacho ndizi na mahindi havina. Hadi miezi sita mtoto hahitaji kitu kingine zaidi ya maziwa ya mama. Baada ya hapo huendelea kunyonya hadi miaka miwili au zaidi huku akipewa milo miwili au mitatu kwa siku, na kuanzia miezi tisa milo mitatu au minne pamoja na kitafunwa.

Maziwa yanayopita mlangoni

Jibu la tatu halimo chunguni. Limo katika mgawanyo wa mali na wa muda. Kaya nyingi za Rungwe hufuga ng'ombe wa maziwa, hupanda maharage na huvuna maparachichi. Vyakula hivyo, vyenye protini na mafuta mazuri, ndivyo vyenye soko, na ndivyo hutoka nyumbani kwanza. Maziwa huenda kwa mnunuzi alfajiri, parachichi bora huenda kwa wakala, na mayai hupelekwa gulioni. Fedha inayorudi hununua sukari, sabuni, madaftari na vocha ya simu. Hakuna ubaya katika kuuza. Tatizo hutokea pale kila kitu chenye lishe kinapouzwa na kila kinachobaki kikawa wanga.

Hesabu ndogo inatosha kuonyesha uzito wa uamuzi huo. Mtoto wa mwaka mmoja hadi mitatu huhitaji takribani gramu 13 za protini kwa siku. Kikombe cha mililita 200 za maziwa kina zaidi ya gramu 6, na yai moja lina kiasi kama hicho. Kaya inayobakiza kikombe kimoja cha maziwa kila siku kwa mtoto mwenye zaidi ya mwaka mmoja imempatia karibu nusu ya protini anayohitaji, kabla hata ya maharage.

Muda nao ni chakula. Mpango wa lishe ulioanzishwa mkoani Iringa mwaka 1983 na serikali kwa kushirikiana na UNICEF na Shirika la Afya Duniani, ukihusisha vijiji 168, ulisisitiza kupima uzito wa watoto kijijini na kujadili hadharani sababu za watoto kudhoofu. Miongoni mwa sababu zilizojitokeza ni wingi wa kazi za mama, uliomfanya mtoto ale mara chache mno. Somo hilo linagusa Rungwe moja kwa moja. Mama anayechuma chai asubuhi, akakata majani ya ng'ombe mchana na kuchota maji jioni hawezi kupika mara nne kwa siku. Baba, bibi au kaka mkubwa anayeweza kumpa mtoto kikombe cha uji uliohifadhiwa vizuri ni sehemu ya tiba ya udumavu sawa na unga wenyewe.

Kuna pia suala la mapokeo ya kula. Mwanaanthropolojia Monica Wilson, aliyefanya utafiti Unyakyusa pamoja na mumewe Godfrey katika miaka ya 1930, alieleza katika kitabu chake Good Company cha mwaka 1951 jinsi watu wa rika moja walivyoishi na kula pamoja, na jinsi ukarimu wa chakula ulivyohesabiwa kuwa msingi wa ujirani mwema. Kula pamoja kunajenga utu. Lakini katika sinia moja mdogo hula taratibu, na nyama na mboga huisha kabla hajamaliza tonge la pili. Mtoto mdogo anahitaji bakuli lake mwenyewe ili mlezi aone amekula nini na kiasi gani.

Chai, damu na wakati wa kunywa

Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2015 na 2016 ulionyesha kuwa takribani asilimia 58 ya watoto wa Tanzania wenye umri wa miezi 6 hadi 59, na asilimia 45 ya wanawake walio katika umri wa kuzaa, wana upungufu wa damu. Malaria na minyoo ya safura huchangia sana, lakini upungufu wa madini chuma katika mlo ni miongoni mwa vyanzo vikuu. Bila madini chuma mwili hautengenezi himoglobini, ambayo ndiyo husafirisha hewa ya oksijeni. Mgonjwa huchoka upesi, moyo humwenda mbio, na kwa mjamzito hatari ya kujifungua mtoto njiti au kushindwa kuhimili kutokwa na damu huongezeka.

Madini chuma ya nyama, maini na samaki hufyonzwa vizuri. Yale ya maharage, mchicha, majani ya maboga na nafaka hufyonzwa kwa sehemu ndogo, na hapo ndipo mazao mawili makuu ya Rungwe, chai na matunda, huvutana. Chai ina kemikali jamii ya tanini zinazoshikamana na madini chuma ya mimea ndani ya utumbo na kuyazuia yasiingie mwilini. Kikombe cha chai kinachonywewa pamoja na mlo wa maharage kinaweza kupunguza ufyonzaji huo kwa zaidi ya nusu. Matunda yenye vitamini C, kama mapera, machungwa na mapasheni, hufanya kinyume: huyaweka madini hayo katika hali ambayo utumbo unaweza kuyapokea.

Hii haina maana kwamba wilaya iliyosomesha watoto wake kwa zao la chai iache kuinywa. Maana yake ni kuitenga na mlo. Chai inywewe saa moja au zaidi kabla au baada ya kula, na mahali pake mezani pachukuliwe na tunda au maji. Mjamzito aliyepewa vidonge vya madini chuma na foliki kliniki asivimeze kwa chai. Watoto walio chini ya miaka miwili hawahitaji chai kabisa, kwa kuwa hujaza tumbo dogo bila kulijenga na hunyang'anya madini chuma machache yaliyomo.

Kuloweka maharage usiku kucha na kumwaga maji yake, pamoja na kuchachusha nafaka kama inavyofanyika kwa togwa, nako hupunguza fitati, kemikali nyingine inayofunga madini chuma na zinki.

Rovu na chumvi ya dukani

Mvua inayoineemesha Rungwe ina gharama yake. Katika maeneo ya milima yenye mvua nyingi, maji husomba madini joto kutoka kwenye udongo kwa maelfu ya miaka, na mimea inayoota hapo huwa na madini hayo kidogo. Tezi iliyo mbele ya shingo huyahitaji ili kutengeneza homoni zinazoongoza ukuaji na matumizi ya nguvu mwilini. Yakikosekana, ubongo huendelea kuiamuru tezi ifanye kazi zaidi, nayo huvimba. Uvimbe huo ndio rovu.

Tafiti za miaka ya 1980 zilionyesha kuwa rovu lilikuwa tatizo kubwa katika Nyanda za Juu Kusini. Kuanzia katikati ya miaka hiyo serikali iligawa vidonge vya mafuta yenye madini joto katika wilaya zilizoathirika zaidi, na katika miaka ya 1990 ikaweka kanuni za kuongeza madini hayo kwenye chumvi. Watu wengi hulikumbuka rovu kama uvimbe usiopendeza, lakini madhara makubwa zaidi hayaonekani. Mama mjamzito mwenye upungufu mkubwa anaweza kupoteza mimba au kuzaa mtoto ambaye akili yake haitakua ipasavyo, hata kama shingo yake mwenyewe haikuvimba sana.

Kinga yake ni ya bei ndogo, ila hupotea kirahisi. Madini joto huharibika kwa unyevu, mwanga na joto. Chumvi inayouzwa kwa kopo bila nembo, ikaachwa wazi karibu na mafiga, na kutiwa chunguni mwanzoni mwa upishi hupoteza sehemu ya faida yake. Inafaa kununua chumvi iliyofungwa yenye maelezo ya madini joto, kuihifadhi katika chombo chenye kifuniko mbali na moto, na kuitia chakula kinapokaribia kuiva.

Wasomaji wengine huuliza: iweje wataalamu wasisitize chumvi kwa ajili ya rovu, kisha waikataze kwa ajili ya shinikizo la damu? Hakuna mgongano. Kiwango kinachoshauriwa kwa mtu mzima ni chini ya gramu 5 za chumvi kwa siku, sawa na kijiko kimoja cha chai kisichojaa. Chumvi yenye miligramu 30 za madini joto kwa kila kilo hutoa, katika gramu 5, mikrogramu 150, ambazo ndizo mtu mzima asiye mjamzito anahitaji kwa siku. Kwa hiyo shauri ni moja: chumvi iwe chache, na yote iwe yenye madini joto.

Maradhi ya shibe mpya

Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2012 kuhusu magonjwa yasiyoambukiza ulionyesha kuwa takribani asilimia 26 ya watu wazima nchini wana shinikizo la juu la damu na takribani asilimia 9 wana kisukari. Maradhi haya yalidhaniwa zamani kuwa ya watu wa mjini na wenye magari. Sasa yanapanda milima.

Mabadiliko ya mlo yanachangia. Dona imeachia nafasi sembe, ambayo hukobolewa na kupoteza nyuzinyuzi na sehemu kubwa ya vitamini B na madini. Viazi vilivyochemshwa vimekuwa chipsi, na mafuta ya kukaangia hurudiwa mara nyingi. Sukari imeingia kwa mlango wa chai. Kijiko kidogo cha sukari kina takribani gramu 4. Mtu anayekunywa vikombe vitatu kwa siku, vijiko vitatu kila kikombe, amekula gramu 36 kabla ya soda wala andazi. Shirika la Afya Duniani linashauri sukari ya kuongezwa isizidi takribani gramu 50 kwa siku kwa mtu mzima, na ikiwezekana ibaki chini ya 25. Wakati huohuo bodaboda imechukua nafasi ya miguu katika vilima ambavyo zamani vilipandwa kwa jasho.

Uhusiano wa maradhi haya na udumavu ni wa karibu kuliko unavyodhaniwa. Kuanzia miaka ya 1980 daktari wa Uingereza David Barker na wenzake walionyesha kuwa watoto waliozaliwa na uzito mdogo walikuwa na hatari kubwa zaidi ya kupata maradhi ya moyo na kisukari ukubwani. Mwili uliojengwa katika uhaba hujifunza kubana matumizi, na ukikutana baadaye na wingi wa sukari na mafuta hushindwa kuumudu. Ndiyo maana nyumba moja inaweza kuwa na mjukuu aliyedumaa na bibi mwenye shinikizo la damu. Yanaonekana kuwa matatizo mawili yanayopingana, lakini chanzo chake ni kimoja: mlo wenye wanga mwingi na mambo machache mengine.

Mgonjwa wa kisukari wa Rungwe hahitaji kuikimbia migomba. Ndizi za kuchemsha zikichukua robo ya sahani, maharage au samaki robo nyingine, na mboga za majani nusu iliyobaki, sukari ya damu hupanda polepole zaidi. Parachichi lina mafuta yanayofaa moyo na husaidia mwili kufyonza vitamini A kutoka kwenye mboga, ingawa wingi wa nguvu yake unataka kiasi. Anayetumia dawa za shinikizo au kisukari asiziache kwa sababu amebadili mlo, na mwenye maradhi ya figo aulize kwanza kituoni kuhusu ndizi na parachichi, kwa kuwa potasiamu yake inaweza kumdhuru.

Chakula kinachobeba maradhi

Mlo kamili usio salama nao ni hatari. Maziwa mabichi yanaweza kubeba brusela na kifua kikuu cha ng'ombe. Kuyachemsha kunatosha kuviua vijidudu hivyo. Mahindi yaliyovunwa na kuhifadhiwa yakiwa mabichi katika hali ya unyevu huota ukungu unaoweza kuzalisha sumukuvu, ambayo mwaka 2016 iliua watu katika mikoa ya Dodoma na Manyara. Nyama ya nguruwe isiyoiva humpa mlaji tegu. Mayai ya tegu huyo, yakitoka na kinyesi na kufika kwenye mikono au mboga mbichi, huweza kujenga vivimbe katika ubongo wa mtu yeyote, hata asiyekula nguruwe, na kusababisha kifafa. Choo bora, mikono safi na nyama iliyoiva hadi ndani ni sehemu ya lishe.

Kinachowezekana kuanzia sasa

Rungwe ina karibu kila kitu kinachotajwa katika miongozo ya lishe: nafaka na ndizi, mikunde, maziwa na mayai, mboga, matunda na mafuta ya parachichi. Kwa kaya iliyo nyingi ya vyakula namna hiyo, mabadiliko yenye faida kubwa ni madogo: kikombe cha maziwa kinachobaki nyumbani, bakuli la mtoto peke yake, chai inayosubiri saa moja baada ya mlo, kopo la chumvi lenye kifuniko, na sukari inayopunguzwa kijiko kimoja kimoja.

Mabadiliko hayo hayawezi kubebwa na mama peke yake. Bei ya maziwa, mauzo ya maparachichi na mgawanyo wa kazi huamuliwa na watu wazima wote wa nyumba, na mara nyingi baba ndiye mwenye neno la mwisho. Kliniki inapompima mtoto na kukuta mstari wa ukuaji umelala, taarifa hiyo inafaa ifike kwake pia, mapema, mtoto akiwa bado ndani ya siku 1,000.